Mshenga Alipomtambua Dorah

Ghania hakumpenda Dorah tangu siku aliposikia jina lake, wala hakujisumbua kulificha hilo.

"Dorah," alisema, huku akipiga pasi kanzu ya mdogo wake. "Jina kama la paka wa Kizungu."

"Paka wa Kizungu huitwaje?" Himid aliuliza.

"Mie nitajuaje? Muulize huyo wako."

Himid alikuwa na miaka arobaini na minane. Alikuwa mfanyabiashara wa viungo Al Ras, Dubai, kwenye duka aliloachiwa na baba yake. Alikuwa mjane. Maram, mkewe, alifariki kwa saratani miaka sita nyuma, na tangu hapo nyumba iliendeshwa na dada yake mkubwa kama meli ya jeshi. Chakula kililiwa kwa saa yake na mazungumzo yalikwisha kwa saa yake.

"Nihesabie basi," Ghania aliendelea. "Mkenya. Mkristo. Miaka arobaini na sita. Kazi yake kusimamia watandika vitanda hotelini Marina. Nimpendee lipi hapo?"

"Hukuambiwa umpende wewe, dada. Ntampenda mimi."

"Atakuzalia?"

"Natafuta mke, sitafuti chekechea."

Ghania alinyanyua kanzu, akaitazama kwenye mwanga, akamrushia. "Vaa. Ami Thuwein yuko chini garini, na yule mzee hapendi kungojeshwa."

Ami Thuwein alikuwa ndugu wa baba yao, mzee wa miaka sabini na minne, ndevu nyeupe zilizochongwa vizuri, sauti laini kama samli. Nusu ya Wazanzibari wa Deira walioa kwa ulimi wake. Akipeleka posa, wenye binti walikuwa wakisahau maswali waliyoyapanga. Kabla ya kuja kupumzika Dubai aliishi Hamburg kwa muda mrefu, kwanza akiwa baharia, kisha akifanya kazi kwenye ukumbi wa sinema. Ukoo mzima ulijivunia hilo. Himid alipokuwa mdogo, mzee akija likizo, watoto walimzunguka wakitaka awasimulie filamu, naye akijibu kwamba zimemtoka kichwani.

Siku hiyo ilikuwa Jumapili, baada ya Alasiri. Himid alikamata usukani, Ami Thuwein akakaa mbele, Ghania nyuma na sinia la halua mapajani. Waliposhika njia ya Muhaisnah, mzee alianza kumpa Himid masharti.

"Kwa haki ungebaki nyumbani. Muoaji hahudhurii posa yake. Lakini huyu mwanamke hana wazee hapa, na hao rafiki zake hawatujui, basi njoo wakuone sura. Ila nakuonya mapema. Mdomo wako unauacha mlangoni pamoja na viatu. Maneno yote ni yangu."

"Sawa, ami."

"Hata wakikuuliza jina lako, nitawajibu mimi."

"Nimefahamu."

"Marehemu babaako, siku nilipompelekea posa mamaako, alikohoa tu. Alikohoa mara moja, na wakwe wakamtania kwa kikohozi hicho mpaka anazikwa."

Ghania alicheka nyuma. Himid naye alicheka. Alikuwa na furaha siku hiyo, na mtu mwenye furaha hukubali masharti bila kuyasoma.

Mawazo yake hayakuwa ndani ya gari. Yalikuwa kwa Dorah, na kwa maneno waliyoambiana Marina jioni moja ya Februari.

Walijuana kwa sababu ya karafuu. Dorah aliingia dukani akiwa na sare ya hoteli, akaeleza kwamba madamu wake hataki dawa za kupuliza kwenye kabati za wageni, anataka kitu cha asili. Himid alimpa karafuu mkononi. Aliinusa, akafumba macho, akakaa hivyo muda mrefu kuliko mnunuzi wa kawaida. Alipofumbua, Himid alikuwa bado anamtazama, na wote wawili wakaona haya kama watoto. Akarudi wiki iliyofuata, na nyingine, mpaka Himid akajiuliza hoteli ile ina kabati ngapi.

Jioni ile ya Februari walikaa kwenye benchi, maghorofa yamewazunguka, mashua za matajiri zikitikisika chini yao. Himid alikuwa amemwambia kwamba anataka kwenda kwa wazee wake akazungumze. Dorah alikunja mikono kifuani.

"Kabla hujaenda, kuna kitu usikie. Halafu ukitaka kuinuka, inuka. Mimi nitapanda metro, sitakulaumu."

"Sema."

"Si nilikwambia nilienda Ujerumani kulea watoto wa watu. Ni kweli. Lakini karatasi zangu zikaisha, na yule mama akanitoa nje. Kuna mtu akaniambia anaweza kunipa kazi ya filamu."

"Filamu gani?"

"Zile ambazo watu hununua wakiangalia chini."

Himid alielewa. Masikio yalimwaka moto. Lakini hakuinuka. Baadaye alijisifia sana kwa hilo, kwamba hakuinuka.

Dorah alisimulia bila machozi, kama anayesimulia habari za jirani. "Wenyewe walikuwa wakiniambia hiyo kazi ilianza kwa mzaha. Miaka ya sabini filamu zao za hivyo zilikuwa za kuchekesha. Wasichana wa milimani, wanaume wa kaptula za ngozi, mtu anateleza anaanguka kwenye nyasi za ng'ombe. Watu walikata tiketi mchana, wengine na wake zao. Halafu kanda za video zikaja, kila mwanaume akajifungia kwake, na kucheka kukaisha. Mimi nilifika wakati hata hizo kanda zinakufa. Walitaka sura mpya kila msimu, basi."

"Ulikuwa na miaka mingapi?"

"Ishirini na mbili. Wakanipa jina la mbuga ya wanyama. Mimi mtu wa Bungoma, sijawahi kuona simba hata kwa dirisha la gari. Na sauti hawakuniachia. Kijerumani changu kilikuwa cha kuombea maji, kwa hivyo wakaleta mama mmoja mnene, anakaa kwenye chumba kidogo na kikombe chake cha kahawa, yeye ndiye anaongea na kulia badala yangu. Nilikutana naye mara moja. Alikuwa anafuma soksi za mjukuu."

Himid hakujua kama acheke. Dorah alicheka peke yake, kicheko kifupi kisicho na kitu ndani.

"Kwetu kuna kumbikumbi," alisema. "Mvua ikinyesha wanaruka jioni moja, wanajaza taa yote. Asubuhi unazoa mabawa kwa ufagio. Nyota wa kule ni hao. Kulikuwa na dada mmoja wa Austria, picha yake ilikuwa kila dirisha la duka mjini Munich. Mwaka uliofuata nilimkuta anauza mikate stesheni, na wanaume wale wale wananunua, hakuna anayemjua. Mimi nilidumu mwaka na kidogo. Siku moja mwenye kampuni akanishika kidevu, akageuza uso huku na huku, akasema umechoka. Uso wa miaka ishirini na tatu, eti umechoka."

"Na hizo filamu ziko wapi sasa?"

"Kwa mtandao. Anayetaka kuzipata atazipata. Jina si langu, lakini uso ndio huu, umeongezewa tu makunyanzi."

Wapita njia walipita na watoto wao na vigari vya watoto.

"Sikuombi msamaha," Dorah alisema mwishoni, "kwa sababu si wewe niliyekukosea. Nakuomba kitu kimoja tu. Siku mtu akinitazama kwa jicho hilo mbele ya watu, usiniache nisimame peke yangu. Nimesimama peke yangu vya kutosha."

"Nitasema mimi kwanza," Himid alimjibu. "Kabla wewe hujafungua mdomo, mimi nitakuwa nimeshasema."

Dorah alimshika mkono wa shati, si mkono wenyewe, nguo tu, akaikunja kati ya vidole vyake. Mpaka anakwenda kulala Himid alikuwa bado anahisi pale kwenye kiwiko joto la vidole ambavyo havikumgusa.

Jumapili hiyo posa ilipokelewa kwa Phyllis, rafiki wa Dorah wa kanisani, mwenye vyumba viwili Muhaisnah upande wa majengo ya familia. Kwa kuwa Dorah hakuwa na baba wala mjomba Dubai, kanisa lilimchagulia. Mjomba wake siku hiyo alikuwa Francis, mlinzi wa jengo moja la Marina, mtu mrefu mwenye suti ya kuazima iliyomwishia juu ya vifundo. Shangazi alikuwa Phyllis mwenyewe. Viatu vilijaa mlangoni.

"Karibuni, karibuni sana wageni wetu," Francis alisema, akisimama na kukaa na kusimama tena. "Mimi naitwa Francis, ni mjomba. Niliambiwa kwenu hakuna maneno ya ng'ombe, lakini kwetu mtoto hatoki bila ng'ombe. Sasa nimekaa nikafikiria, hapa Dubai ng'ombe nitamweka wapi, balconi?"

Watu walicheka. Hata Ghania alitabasamu upande mmoja. Ami Thuwein aliinua kiganja, akapokea mzaha kama mtaalamu.

"Bwana Francis, sisi ng'ombe wetu ni maneno mazuri, na hayo tumekuja nayo zizi zima. Lakini maneno hayo hayatolewi kwa kuta. Tunaomba kumuona binti, atupe salamu, kisha tuseme lililotuleta."

Phyllis aliingia ndani kumleta. Himid alikaza macho kwenye pazia. Dorah alitoka akiwa amevaa gauni refu la kijani na mtandio mwepesi kichwani aliojifunga kwa heshima ya wageni, sinia la vikombe mikononi. Alimtafuta Himid kwanza kwa macho. Alipompata, uso wake ulifunguka, na Himid alihisi moyo unamruka kama wa kijana wa miaka ishirini. Halafu Dorah akageuka kwa mzee, akainama kumpa kikombe.

"Shikamoo, mzee."

Mkono wa Ami Thuwein ulikuwa umeshanyooka kupokea, ukabaki hewani. Alimtazama Dorah usoni, na Dorah akamtazama yeye. Himid, aliyekaa karibu, aliona rangi ya mzee ikimtoka polepole, kuanzia kipaji cha uso kushuka. Na aliona vikombe vikigongana kidogo kwenye sinia.

"Marahaba," mzee alisema hatimaye. Akachukua kikombe, akakiweka chini bila kunywa.

Dorah aliwapa wengine, kisha akakaa kando ya Phyllis. Chumba kikangoja. Francis alijiweka sawa kwenye kiti, tayari kuposwa.

Ami Thuwein alikohoa. Alishika ndevu. Alianza kwa kumshukuru Mungu, akamsalia Mtume, akamshukuru mwenye nyumba, akayasifu maandazi ambayo hakuyaonja. Alizunguka sana. Himid alimsikia mara nyingi mzee huyu akipeleka posa, na hakuwahi kumsikia akitafuta neno. Leo aliyatafuta kama mtu anayetafuta ufunguo gizani.

"Basi, ndugu zetu," alisema, "sisi lililotuleta ni hilo tu. Tumekuja kuwajulia hali. Tumewakuta wazima, alhamdulillahi. Ujirani ni jambo jema."

Francis na Phyllis waliitikia kwa vichwa, wakingoja yaendelee. Hawakujua kwamba yamekwisha. Kwao hiyo ilikuwa dibaji tu. Lakini Ghania aligeuka akamtazama mzee kwa mshangao, kwa sababu kila Mzanzibari anajua maana yake. Watu waliokwenda kuposa wakisema wamekuja kujulia hali, posa imekufa, na imezikwa kwa adabu ili asiaibike mtu.

Dorah hakuwa Mzanzibari, ila alifahamu. Himid alikuwa amemsimulia desturi hiyo yeye mwenyewe, dukani, wakicheka.

"Mzee," Dorah alisema taratibu, "nyumba hii haina mgonjwa. Mnatujulia hali kwa nini?"

"Bibi," Ghania alimkata, "mwanamke haulizi kwenye posa."

"Kwani hii ni posa? Mzee amesema si posa." Dorah hakupandisha sauti. "Mimi naomba tu mzee aseme lile alilokuja nalo. Au kama ameona kitu kimembadilisha nia, aseme amekionea wapi."

Francis alimtazama huyu, akamtazama yule. "Kuna shida? Kama ni mambo ya dini, hiyo tunaweza kuongea."

"Hakuna shida," Ami Thuwein alijibu. Jasho lilikuwa limemtoka juu ya mdomo, na kiyoyozi kilikuwa kinapiga moja kwa moja kichwani mwake. "Hakuna shida yoyote. Khalas. Nimeshasema."

"Basi aseme Himid," Dorah alisema.

Akageuka, akamtazama.

Himid alijua. Hakujua mzee amemtambuaje, lakini jicho lile alilijua, Dorah alikuwa ameshamweleza jicho lile. Siku ndiyo hii na watu ndio hawa. Maneno alikuwa nayo, aliyapanga tangu Februari, tena mazuri: kwamba anajua yote, kwamba hakuna aibu ambayo hajaionja yeye kwanza, kwamba mwanamke huyu ni mkewe mtarajiwa na anayetaka kumsema aanze na yeye. Yalifika kooni. Akahisi jicho la Ghania shavuni. Aliona goti la ami yake limemsogelea, likamgusa, likamgandamiza kidogo. Akakumbuka kikohozi cha baba yake. Akajiambia kwamba si mahali pake, kwamba muoaji hasemi, kwamba atayasema baadaye, nje, vizuri zaidi, bila watu.

Akainamisha kichwa akatazama zulia. Lilikuwa zulia la bei rahisi, lenye maua mekundu, na ua moja lilikuwa limeungua kwa pasi.

Alipoinua macho, Dorah hakuwa akimtazama tena. Alikuwa ameshasimama na buli mkononi.

"Kunyweni chai, wageni," alisema. "Inapoa."

Wakanywa. Hakuna adhabu iliyowahi kumchoma Himid koo kama chai ile ya tangawizi, naye aliimaliza yote.

Wakati wa kuondoka Francis aliwasindikiza wazee mpaka kwenye lifti, akashuka nao. Himid alijichelewesha kwenye viatu. Dorah alisimama kwenye ujia wa nje, mgongo ukutani, mtandio ameuteremsha mabegani.

"Dorah, nisikilize."

"Nakusikiliza. Sasa hivi unaweza kuongea?"

"Pale ndani isingewezekana. Wewe hujui kwetu. Muoaji akisema—"

"Najua. Ulinifundisha."

Himid alivaa kiatu kimoja. "Ami amekujuaje? Aliona zile filamu?"

Dorah alimtazama kana kwamba anamhurumia. "Wewe ukoo wenu wote mnasema mzee alikuwa na kazi ya sinema Hamburg. Hamkuwahi kumuuliza sinema gani?"

Himid alishika ukuta. Hakuwahi. Hata mara moja hakuwahi kuviweka pamoja, sinema ya ami yake na filamu za Dorah. Ile ya mzee ilikuwa fahari ya ukoo, kitu cha kutajwa harusini, na mtu haendi kuinusa fahari ya ukoo wake.

"Alikuwa anafagia," Dorah alisema. "Anafagia na kubandika picha zetu kwenye vioo vya nje. Walikuwa wanatutembeza, leo mji huu, kesho ule, tunakaa kwenye kumbi hizo tunasaini picha. Nilikuwa nimeketi kwa kiti cha plastiki, wanaume wamepiga foleni, hakuna hata mmoja ananiangalia usoni. Nikasikia mtu nyuma yangu anasema, lahaula, mtoto wa watu. Kwa Kiswahili. Himid, wewe hujakaa mwaka mzima bila kusikia Kiswahili, hujui. Nilidhani Mungu amenikumbuka."

"Ukamfanya nini?"

"Nikamfuata. Alikuwa kwa choo cha nyuma anasuuza tambara. Nikamwambia, mzee, paspoti yangu wameishika, nipeleke ubalozini, au hata nionyeshe tu njia. Nilimshika kanzu, hapana, alikuwa na ovaroli ya buluu. Nikamshika hiyo. Akautoa mkono wangu kwenye nguo yake, polepole, kidole kimoja kimoja. Akanijibu kwa Kijerumani."

"Alisema nini?"

"Alisema haelewi."

Mlango wa jirani ulifunguliwa, mtoto akachungulia, ukafungwa.

"Kwa nini hukuyasema hayo mbele yao?" Himid aliuliza. "Ungemvua nguo pale pale."

"Ili nipate nini? Yeye namjua. Nilimjua siku ile chooni. Nilikuwa nataka kukujua wewe."

Himid alimsogelea. "Tuoane. Hao waache. Tutakwenda mahakamani mimi na wewe, kesho, keshokutwa. Ghania hana haja ya kujua, ami hana haja ya kujua. Ntakupangia nyumba mbali na Al Ras, nitakuwa nakuja. Itakuwa halali kabisa, Dorah, ila kimya kimya."

Aliposema neno la mwisho alimwona Dorah akifumba macho, na akajua amekosea, lakini neno likitoka limetoka.

"Nimeshakuwa kitu cha kutazamwa mlango ukiwa umefungwa," Dorah alisema. "Sirudi huko. Hata kwa halali."

"Nakupenda."

"Najua. Hiyo ndiyo mbaya." Akainua mkono kama anayetaka kumshika shati pale kwenye kiwiko, kisha mkono ukabadilisha nia, ukabonyeza kitufe cha lifti. "Shuka sasa. Wazee hawangojeshwi."

Lifti ilikuja. Himid aliingia kwa sababu mlango ulikuwa wazi na Dorah alikuwa akingoja aingie. Hakulia. Mpaka mlango unakutana, hakulia, na Himid alitamani sana alie, maana machozi angeweza kuyafuta.

Chini, Francis alikuwa amefungua mlango wa gari na kuushika kama anavyowashikia matajiri wa Marina.

"Shemeji," alisema kwa uchangamfu, "mtuambie siku mapema, sawa? Kampuni yetu kupata off ni kazi. Mimi nataka kuomba ruhusa kabla hawajapanga zamu."

"Inshallah," Himid alijibu. Akaingia, akawasha gari.

Walitoka Muhaisnah wakipishana na mabasi ya kampuni yaliyorudisha vibarua, madirishani vichwa vimelala kwenye vioo. Wakafika barabara kubwa. Ghania ndiye aliyeshindwa kuvumilia kwanza.

"Ami, mie sikufahamu. Umekwenda na posa umerudi na salamu. Umeona nini?"

"Si wa kwetu yule."

"Hilo nilisema mie tangu mwanzo, mkaniona mbaya. Nakuuliza leo umeona nini pale."

"Ghania mwanangu, mambo mengine ni sitara. Acha yapite." Mzee alikuwa ameshapata sauti yake ya samli. Rangi ilikuwa imemrudi. Aliweka kiganja juu ya goti la Himid, akalipigapiga. "Mimi namshukuru huyu. Amefanya kiungwana. Kijana mwengine angefungua mdomo pale, tukaaibika sote, yeye na sisi na yule bibi wa watu. Babaako angekuwa hai angejivuna. Mungu akulipe, mwanangu, kwa kunyamaza."

Himid aliendesha. Taa mbele ziligeuka nyekundu, akasimama.

"Ami," alisema, "'sielewi' kwa Kijerumani husemwaje?"

Kiganja kilitoka gotini.

"Sasa Kijerumani kimeingiaje hapa?" Ghania aliuliza kutoka nyuma. Taa zikawa kijani, gari la nyuma likapiga honi, Himid hakuondoka.

Mzee alitazama nje ya dirisha lake. Kisha, kwa sauti ndogo, bila kugeuka, akalisema neno hilo. Alilitamka vizuri sana, kama mtu aliyelitumia miaka mingi.

Himid akatia gia. Akalirudia taratibu, kwanza likimkwama, mara ya pili likatoka sawa, na kufikia Al Ras alikuwa analisema bila kufikiri.